Timazi si Chubwi

Pale Mikindani kuna nyumba ya zamani ya mawe ya matumbawe inayokarabatiwa, na juzi nilisimama mbele yake kwa muda mrefu kuliko nilivyokusudia. Fundi mkuu alikuwa juu ya jukwaa la mirunda, anajenga upya kona iliyobomoka. Akamwinamia kibarua aliyekuwa chini anakoroga chokaa, akasema, "Mdogo wangu, nipe hiyo risasi." Kijana akaangaza huku na huku, asione kitu. Mwishowe akatia mkono mfukoni, akatoa kipande cheusi chenye urefu wa kidole gumba, kimetobolewa upande mmoja, akampandishia. Fundi akakipokea, akakigeuza mara mbili, akamrudishia.

"Hii ya samaki. Mimi nataka timazi."

"Si zote risasi, fundi? Si zote zinaning'inia tu?"

Kijana yule ametoka nyumba ya wavuvi, na swali lake halikuwa la utundu. Ukiwauliza wasemaji kumi wa Kiswahili hapa Mtwara mjini, naamini wengi watamuunga mkono: kitu kizito, kimefungwa uzi, kinaning'inia, kwa nini kiwe na majina matatu? Mvuvi siku hizi anasema risasi. Fundi mwenyewe alianza kwa kusema risasi, akajisahihisha alipoletewa kitu kisicho chake. Neno hili moja linazidi kumeza wenzake, na chubwi ya mvuvi, bildi ya nahodha na timazi ya mwashi yanabaki kwenye kamusi, mara nyingi yamewekwa karibukaribu kana kwamba ni mapacha.

Mimi nasema si mapacha. Hata ndugu wa tumbo moja sina hakika kama wanafaa kuitwa. Madini yanaweza kuwa yaleyale, uzito uleule, hata uzi uleule, lakini kila neno limezaliwa kwenye kazi yake, na anayetaka kujua maana yake inambidi aangalie mkono ulioshika uzi.

Fundi hakumjibu kijana kwa maneno. Alishuka, akafungua mfuko wake wa turubai, akatoa timazi: chuma kilichochongwa mfano wa pia, kipana juu, chenye ncha chini, kimechomekwa uzi katikati kabisa ya kichwa. Kwenye uzi huohuo kuna kibao kidogo cha mbao chenye tundu, kinapanda na kushuka. Akamwonyesha kijana kwamba upana wa kile kibao na upana wa ile pia ni mmoja. Hapo ndipo ilipo siri yote. Unakibandika kibao juu ya ukuta, unaiachia pia iteremke, unasubiri itulie. Ikiwa inaugusa ukuta kwa mbali, kama shavu la mtu anayemnong'oneza mwenzake, ukuta umesimama sawa. Ikikaa mbali na ukuta, ukuta umeinama juu kuja kwako. Ikiuegemea hadi uzi unapinda, chini kumetokeza. Chubwi ya kijana ingening'inia vizuri tu, na uzi wake ungenyooka vilevile, kwa kuwa ardhi huvuta kila kitu bila kukiuliza umbo. Ila chubwi imemiminwa kwenye mchanga, pembeni nene, pembeni nyembamba, tundu limeenda upande. Haina upana unaojulikana, kwa hiyo haiwezi kumwambia fundi lolote kuhusu ukuta.

Timazi basi ni chombo cha kuulizia, na swali lake ni moja: hiki kimesimama wima? Ndiyo maana neno lenyewe limeweza kutoka kwenye ujenzi na kuingia kwenye tabia za watu. Tunasema ukuta umekaa timazi, na ukimsikia mtu akisifiwa kuwa ni timazi, unajua anasifiwa kwamba hayumbi. Hakuna anayemsifu mtu kwa kumwita chubwi.

Chubwi ni habari ya baharini. Ukienda asubuhi pale feri, upande wa kuvukia kwenda Msangamkuu, utawakuta wavuvi wa mishipi wamekaa kwenye kingo za ngalawa wanapanga vifaa. Mshipi umezungushwa kwenye kigogo, ndoana zimechomekwa kwenye kipande cha ndara iliyokatika, na chubwi zimetupwa kwenye kikopo. Kazi ya chubwi ni kuushusha mshipi mpaka chini aliko chewa na changu, kabla mkondo haujaubeba kuupeleka kwa jirani. Mvuvi anauachia mshipi upite vidoleni. Chubwi ikigusa mchanga, mshipi unalegea ghafla. Hapo anauvuta juu kidogo ili chambo kielee badala ya kulala, kisha anatulia. Siku za maji mafu chubwi ndogo inatosha. Siku za bamvua, maji yanapokimbia kuingia na kutoka ghubani, anafunga kubwa, na wakati mwingine mbili.

Kabla ya risasi chubwi ilikuwa jiwe, na kwa wengine bado ni jiwe. Risasi ilipendwa kwa sababu inayopimika. Kila kitu kikizama hupoteza sehemu ya uzito wake, maana maji hukisukuma juu. Kilo moja ya jiwe la kawaida ikiwa ndani ya maji ya chumvi hubaki na uzito wa kama gramu 600. La matumbawe, lenye vishimo vingi, hubaki na kama nusu tu. Kilo moja ya risasi hubaki na gramu zipatazo 910, kwa sababu risasi ina uzito zaidi ya mara 11 wa maji ya ujazo uleule. Juu ya hayo, kwa kuwa ni donge dogo, mkondo haupati pa kulishika. Mvuvi hahitaji kuambiwa hesabu hii, mkono wake umeijua tangu utotoni.

Sasa jina. Chukua jiwe, litupe kwenye kina, usikilize. Kiswahili kinasema kimetumbukia *chubwi!* Wala sibuni. Ndivyo tunavyosema tangu zamani, kitu kizito kikiingia majini kwa mara moja bila kurusha maji mengi, kimeingia chubwi. Kitu kipana kinapiga maji *pwaa*, lakini kilicho kidogo na kizito kinamezwa na maji kwanza kisha maji yanajifunga juu yake, na ule mfungo ndio "bwi". Naona wazi kwamba jina la chombo limetoka kwenye sauti ya kazi yake. Lugha yetu ina desturi hiyo: pikipiki imejiita yenyewe kwa mlio wake, tingatinga vilevile. Mzee mmoja jirani yangu, aliyevua toka enzi za mishipi ya katani, nilipomuuliza chubwi imetoka wapi hakufikiri hata kidogo. "Imetoka majini, mjukuu wangu. Itupe uisikie."

Nalisisitiza hili kwa sababu kuna mazoea ambayo sisi wa pwani tumeyalea. Likitajwa neno lolote la bahari, kabla halijapoa mtu ameshasema "hilo la Kiarabu", au "hilo la Kireno". Mengine ni kweli: boya ni la Wareno, na hakuna aibu kulitumia. Ila watu wa Kilwa, Lindi na Mikindani hawakungoja jahazi la mtu yeyote ndipo wajue kufunga jiwe kwenye uzi. Neno chubwi ni ushahidi wa hilo.

Bildi ndiyo iliyokuja na jahazi. Neno hili ni la Kiarabu cha mabaharia, na kazi yake ni ya nahodha: kipande kirefu cha risasi kwenye kamba yenye alama, hutupwa mbele ya chombo kujua kina. Kutia bildi, ndivyo ilivyosemwa. Kina kilihesabiwa kwa pima, yaani urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa, kama mita 1.8, kwa kuwa anayevuta kamba anaihesabu kwa kuinyoosha kifuani. Chini ya bildi huwa na kishimo kinachopakwa mafuta ya mgando, ili ikipanda ilete mchanga, tope au vipande vya kombe. Nahodha aliyezoea aliyatazama yale mafuta akajua yuko wapi hata usiku. Fikiria njia za kuingia Kilwa Kisiwani, miamba kushoto na kulia, enzi ambazo dhahabu ya Sofala ilipitia hapo. Ahmad ibn Majid, mwanamaji maarufu wa karne ya 15 kutoka Julfar, alitunga mashairi ya kuelekeza njia za bahari, pamoja na njia ya kushuka kwenda Sofala kupitia pwani hii hii ya kwetu. Watu wa namna hiyo waliishi kwa nyota juu na bildi chini.

Hata kwenye Matendo ya Mitume, sura ya 27, mabaharia waliokuwa na Paulo wanapima maji usiku wa manane na kupata pima 20, wanasogea kidogo na kupata pima 15, wanaogopa miamba na kutupa nanga. Ukitaka kuelewa kwa nini bildi haiwezi kuitwa chubwi, soma pale. Wale watu hawakuwa na haja ya kuzamisha chochote. Walitaka jibu, na jibu likipungua kutoka 20 hadi 15, roho zao ziko hatarini. Leo vyombo vikubwa vinavyoingia bandari ya Mtwara vina mitambo inayotuma sauti chini na kuusikiliza mwangwi wake. Bildi imepumzika, na neno limepumzika nalo. Hilo silililii sana, kitu kikiondoka jina huweza kuondoka nacho.

Linalonishughulisha ni risasi, neno lenye tumbo kubwa.

Asili yake ni Kiarabu pia, *rasas*, yaani yale madini ya kijivu, laini, mazito. Mzizi wake unahusu kushindilia na kubananisha vitu hadi visiwe na nafasi. Waislamu tunaukuta mzizi huo kwenye Surat As-Saff, aya ya 4, panapotajwa waliojipanga safu kama *bunyanun marsus*, jengo lililokamatana. Baadhi ya wafasiri wameeleza kuwa ni jengo lililomiminiwa risasi kwenye maungio yake, na si maelezo ya ajabu, kwani waashi wa zamani waliyeyusha risasi na kuimimina kati ya mawe ili vyuma vya kuyaunganisha visicheze. Nimeisikia aya hii nikiwa safuni tangu mdogo, bega kwa bega na wengine, na niliyajua maana yake ya risasi nikiwa mtu mzima. Tangu hapo safu kwangu imekuwa na uzito.

Pwani ya kusini ililijua neno hili kwa uchungu kabla haijalijua kwa uvuvi wa kisasa. Mwezi Julai 1905, huko Nandete kwenye milima ya Umatumbi, ambayo leo ni wilaya ya Kilwa mkoani Lindi, watu waling'oa pamba waliyolazimishwa kulima na Wajerumani, na vita vya Maji Maji vikaanza. Dawa iliyowaunganisha ilikuwa maji, na ahadi yake ilikuwa kwamba risasi za Mjerumani zitageuka maji. Tazama maneno yenyewe yalivyopangwa: maji upande huu, risasi upande ule. Sifikirii kama waliochukua dawa ile waliitafakari lugha, walikuwa na mambo makubwa zaidi. Lakini kwa babu zetu wa pwani risasi ndani ya maji ni chubwi, ni samaki, ni chakula. Risasi nje ya maji, ikiwa imetoka kwenye mtutu, ni kifo. Vita vilidumu hadi 1907, na njaa iliyofuata, baada ya mashamba na maghala kuchomwa, iliua wengi kuliko mtutu.

Na bunduki nayo ina historia ya aina hiyo. Kwa Kiarabu *bunduq* ni tunda dogo la kokwa gumu, jamaa ya karanga na korosho kwa namna linavyoliwa. Vidonge vya duara vilivyorushwa kwa upinde viliitwa kwa jina la tunda, na silaha iliyorusha vidonge ikachukua jina la vidonge. Kitu cha kutafuna kikaishia kuwa kitu cha kuua. Maneno husafiri hivyo: hushuka kwenye umbo, hupanda kwenye kazi, na huko mwisho yanasahau yalikotoka.

Kwa risasi usahaulifu ulifika mbali zaidi, na safari hii unatuhusu Lindi moja kwa moja. Kila mtoto wa shule ya msingi ana kalamu ya risasi. Ivunje, ikwangue, iyeyushe ukiweza: hutakuta chembe ya risasi ndani yake. Haijawahi kuwemo. Katika miaka ya 1500 huko Borrowdale, Uingereza, yalichimbwa madini meusi yanayoacha alama kwenye karatasi, na watu wakadhani ni aina ya risasi, kwa kuwa nayo ukiikwaruza kwenye karatasi huacha mstari wa kijivu. Mwaka 1779 mkemia Carl Wilhelm Scheele alionyesha kuwa ni kaboni, ndugu wa mkaa na almasi. Mwaka 1795 Mfaransa Nicolas-Jacques Conté akagundua namna ya kuchanganya unga wake na udongo wa mfinyanzi na kuuchoma, na hiyo ndiyo kalamu tunayoitumia hadi leo. Ukweli ulijulikana, jina likabaki. Waarabu nao wanasema kalamu ya risasi, na sisi tunasema hivyohivyo.

Madini yale meusi kwa Kiswahili yanaitwa kinywe. Na kinywe kiko Ruangwa, hukohuko Lindi. Watoto wa Ruangwa wanaandika majina yao kwa kinywe, juu ya ardhi yenye kinywe, kwa kalamu inayosema ina risasi. Sipendekezi tuibadilishe, jina limeshazoeleka na halimdhuru mtu. Ila ningependa mwalimu mmoja wa Ruangwa awaambie watoto wake jambo hili siku moja, wakiwa wamezishika kalamu mkononi. Sijui somo lingine la kemia linaloweza kuanza karibu na nyumbani kiasi hicho.

Usahaulifu mwingine lakini unadhuru, nao ndio ulionifanya niandike.

Nilikuwa Msangamkuu mwishoni mwa wiki moja, nikamkuta kijana anatengeneza chubwi uani kwao. Ameweka sufuria kuukuu juu ya mafiga matatu, ndani yake kuna vibao vya betri ya gari iliyokufa. Moto si mkubwa, maana risasi huyeyuka kwenye nyuzijoto 327 tu, hata kuni za mkoko zinatosha. Ameshindilia mchanga wenye unyevu kwenye debe, akachomeka kijiti na kukichomoa ili kiache tundu, akasimamisha msumari pembeni. Anaondoa taka za juu kwa kijiko, anazikung'utia chini, anamimina. Risasi ikiwa moto inang'aa kama kioo. Unaweza kuona mwembe ndani yake. Kisha inafifia, inakuwa ya kijivu, na imeshakuwa chubwi. Kazi safi, mkono wa ustadi. Na wadogo zake watatu wamechuchumaa kandokando, mmoja anachezea zile taka.

Nilimuuliza kama anajua kuwa ni sumu. Akanijibu kwa adabu, "Hii risasi tu, mzee. Si tindikali. Tindikali nimeshaimwaga."

Hapo niliuona ubaya wa neno moja kubeba mambo mengi. Kwake risasi inaua ikitoka kwenye bunduki. Iliyo kwenye kalamu haiui, mtoto anaitafuna darasani. Iliyo kwenye wavu haiui. Basi ya kwenye sufuria itaua vipi? Neno lilimpa amani isiyokuwepo. Vibao vya betri vina risasi iliyochanganyika na unga wake uliopata oksijeni, na unga huo, vumbi lake na taka zake ndivyo vinavyoingia mwilini kwa urahisi kupitia mikono, chakula na pumzi. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango cha risasi kwenye damu kinachojulikana kuwa salama, na kwamba mtoto mdogo hufyonza risasi anayoimeza mara 4 hadi 5 kuliko mtu mzima. Huathiri ubongo unaokua, na hujificha kwenye mifupa kwa miaka. Haina harufu ya kuogofya. Mtoto haanguki siku hiyo. Anakuwa tu mzito wa kujifunza, na nyumbani wanasema ndivyo alivyozaliwa.

Nchi nyingine ziliona madhara kwa ndege kabla ya watu: Uingereza ilipiga marufuku chubwi ndogo za risasi mwaka 1987 kwa sababu bata maji wakubwa walikuwa wanazimeza na kufa. Sisi hatuhitaji kungoja bata. Chuma kinazamisha, saruji iliyofinyangwa inazamisha, jiwe lililotobolewa limezamisha karne nyingi. Itabidi iwe kubwa zaidi ya risasi, ni kweli, na mvuvi wa siku za bamvua atalalamika, na ana haki. Lakini mwenye kusema lazima aendelee na risasi basi aiyeyushe mbali na nyumba, asitumie sufuria itakayorudi jikoni, afukie taka, na watoto wasiwepo.

Ona sasa kwa nini nang'ang'ania chubwi. Chubwi ni jina la kazi, halisemi kitu kuhusu madini. Chubwi ya jiwe ni chubwi, ya saruji ni chubwi, ya chuma ni chubwi. Mvuvi anayeita kifaa chake risasi ameshajifunga kwenye risasi kabla hajaingia dukani. Anayekiita chubwi bado ana uhuru wa kuchagua. Timazi ni hivyohivyo: ya fundi wa Mikindani ni ya chuma, nyingine ni za shaba nyeusi au ya njano, na za wazee wetu zilikuwa za jiwe, na zote zimesimamisha nyumba.

Mpwa wangu alipewa mtihani shuleni, swali likitaka kisawe cha timazi. Jibu lililokubaliwa lilikuwa chubwi. Alipata alama yake, akafurahi, na sikumwambia kitu siku hiyo. Ila swali la namna ile linawafundisha watoto kwamba maneno ni vyungu tupu vinavyobadilishana mfuniko. Ningelikuwa mtunzi ningewapa picha ya ukuta, ngalawa na jahazi, niwaulize kila mmoja anahitaji nini.

Wala wasomi wakubwa hawajasalimika na mtego huu. Kitabu cha Amosi, sura ya 7, kina neno moja la Kiebrania, *anakh*, linalotajwa hapo tu katika Biblia nzima. Mungu amesimama karibu na ukuta, mkononi ana anakh. Waliotafsiri kwa Kiyunani zamani waliandika kitu kigumu mfano wa almasi. Hieronimo, aliyetafsiri kwa Kilatini, aliandika mwiko wa mwashi. Marabi wa zama za kati wakaona ni timazi, na Biblia ya Kiswahili inayosomwa makanisani ikafuata: timazi. Kisha wasomi wa lugha za kale wakasoma vibao vya Kiakadi, wakakuta *annaku*, na maana yake ni bati. Ikawa vita ya bati na risasi ambayo haijaisha. Wanaobishana wanabishana juu ya madini. Waliotafsiri kwa Kiswahili ni kana kwamba waliutazama ukuta, wakauliza mtu aliyesimama karibu nao na kitu mkononi anafanya nini, wakachagua neno la kazi. Jirani yangu Mkristo alinisomea sura ile barazani kwake, na kila aliyekuwepo, Mwislamu na Mkristo, alielewa kuwa ukuta unapimwa na utakutwa umeinama. Neno bati lisingetufikisha hapo.

Nirudi Mikindani. Baada ya fundi kueleza, kijana alipanda jukwaani mwenyewe, akakibandika kibao juu ya kona mpya, akaachia. Upepo wa kusi ulikuwa unavuma kutoka ghubani na ile pia ya timazi ikawa inazunguka. Fundi akamwambia asubiri, asiishike. Walisubiri wote wawili. Ilipotulia, kati yake na ukuta palipita mwanga mwembamba, upana wa ukucha. Fundi hakusema neno, alichukua nyundo akagonga mawe mawili ya juu yarudi ndani kabla chokaa haijakauka.

Jioni nilimkuta kijana feri. Alikuwa ameshabadilisha nguo, amekaa kwenye ngalawa ya baba yake, anafunga kile kipande cheusi kwenye mshipi kwa meno. Akanitambua, akakiinua nikione. "Mzee, hii inaitwaje vile?" Kabla sijamjibu aliitupa upande wa kina, na maji yakaisema.